Twelve ya Baba Nanjala

Jumatatu, 5 Mei

Imewaka mara ya tatu. Mara ya kwanza ilikohoa tu. Ya pili ikaleta skrini ya buluu. Ya tatu nikaipiga ubavuni kwa kiganja, ikakubali. Ndiyo asubuhi zetu siku hizi. Nafungua duka, nafagia, naweka chai, naibembeleza kompyuta.

Baba Nanjala alikuwa ameshakaa, koti mabegani, anangoja. Tangu kiharusi cha mwaka jana mkono wa kushoto umelegea, maneno yanamtoka moja moja, na mengine hayatoki kabisa. Majina ya majirani yanampotea. Siku za wiki zinampotea. Juzi aliniita kwa jina la dada yangu na nikaitika, ningefanyaje?

Lakini ikifunguka Twelve, mkono wake unajua. F10, anashika nodi, ile nukta ya kwenye mstari, anavuta, mstari unapinda pale pale anapotaka. F4, anaona ukurasa wote. Hatazami kibodi. Twelve ni toleo la kumi na mbili la programu yetu ya kuchorea, la zamani sana, vijana wakiliona wanacheka. Wacha wacheke. Mbele ya ile skrini ndipo mahali pekee ambapo mume wangu bado ni mzima, na mimi sina mahali pengine pa kumpata.

Leo kadi ya harusi ya watu wa Lanet. Kutoka asubuhi amechora ua moja. Ua zuri.

Jumatano, 7 Mei

Mvua. Stima imepotea mara mbili. Kila ikirudi moyo wangu unasimama mpaka nisikie feni ya kompyuta.

Hardeep wa duka la pili, anayeuza na kutengeneza mashine za ofisi, amekuja na bisibisi yake. Ameifungua, ameitazama, ameifunga. "Mama Nanjala, hii si mgonjwa. Hii ni marehemu anatembea." Sikucheka. Akaona sikucheka, akaniambia kwa upole nihamishe kazi zote kwa flashi leo leo, nisingoje kesho.

Nimehamisha. Miaka ya kazi. Kadi za harusi, mabango ya kanisa, stika za matatu, programu za mazishi. Mazishi ndiyo mengi kuliko yote. Nakuru hii hakuna mtu anazikwa bila kijitabu chenye picha ya rangi.

Ijumaa, 9 Mei

Imekufa. Saa nne asubuhi, akiwa katikati ya mstari. Skrini nyeusi na harufu ya waya.

Aliendelea kusogeza kipanya. Nilimwambia imezima. Akaendelea. Ikabidi nimshike mkono.

Jumamosi, 10 Mei

CD ya Twelve tunayo. Nimeipata chini ya makaratasi, kwenye kasha lake, na namba zake zote nyuma. Nilifurahi bure. Kompyuta aliyotukopesha Hardeep imeikataa. Ikabembelezwa, ikakubali kuingiza, halafu ikasema lazima ipate ruhusa kwa wenyewe walioitengeneza, kupitia mtandao. Wenyewe hawapokei tena watu wa Twelve. Hardeep amejaribu ujanja wake wote hadi jioni. Amekunywa chai yangu vikombe vinne na hakuna kitu.

Nina hasira. Kitu nilinunua. Si kukodi, kununua, tulijinyima nyama tukanunua. Leo naambiwa niombe ruhusa, na wa kuniruhusu hayupo.

Jumanne, 13 Mei

Nanjala amekuja kutoka Lanet na kompyuta mpya kwenye boksi. Binti yetu anafundisha shule ya msingi na mshahara wake naujua, kwa hivyo sikuuliza ameipata vipi. Ameiweka, ameunganisha mtandao, ameingiza ile programu mpya ya kulipia kila mwezi. Akamwita baba yake kwa furaha kabisa. "Dad, kaa hapa. Iko poa sana, utaona."

Alikaa. Kila kitu kijivu. Vifaa vyote vimehamishwa, kama mtu ameingia jikoni kwako usiku akapanga sufuria anavyotaka yeye. Baba Nanjala akabonyeza F4. Hakuna kitu. Akabonyeza tena. F10. Kikafunguka kidirisha kinauliza swali. Akakitazama kile kidirisha muda mrefu.

Nanjala akamwonyesha pole pole, mara moja, mara mbili, mara tano. Ni mwalimu, ana subira. Lakini kitu kipya hakikai tena kichwani mwa baba yake, kinapita tu. Mwishowe akaweka mikono mapajani.

Nanjala alilia akiwa chooni. Alidhani sijamsikia.

Ijumaa, 16 Mei

Anakuja dukani, anakaa, anatazama barabara. Naifanya kazi yote mimi, kwa ile mpya, na naichukia. Najua inaweza mambo mengi. Sijasema haiwezi. Nimesema naichukia.

Leo wateja wamekuwa wachache nikawaza sana. Mimi nilikuja kwenye hili duka kuchapiwa barua ya kuomba kazi. Msichana wa Landi, zile nyumba za reli, baba yangu alikuwa fundi huko, nina cheti cha taipureta na viatu vya kuazima. Mume wangu wa leo alikuwa amekaa na shati jeupe, anachora nembo ya mashine ya kupasua mbao ya Elburgon, blade ya msumeno yenye meno. Nikasimama nyuma yake nikasahau barua. Aliweka nukta moja, akavuta kamkono kake, kale kajiti kanakotoka kwenye nukta, na mstari uliokuwa umekakamaa ukalegea ukawa duara. Nikasema, ebu rudia. Akarudia. Nikasema, nami nijaribu. Akasogea akanipa nusu ya kiti.

Nusu ya kiti. Ndivyo nilivyojifunza Twelve na ndivyo nilivyoolewa. Hakuwa ananishika mkono, alikuwa na adabu sana, alikuwa anasema tu "vuta, vuta, hapo, acha." Mpaka leo nikivuta nodi nasikia "hapo, acha."

Kompyuta ilikuwa na kasi ya kobe. Ukiweka picha kubwa unaenda kununua maziwa unarudi. Tuliongea sana tukingoja. Hii mpya haimngojeshi mtu, na sisi hatuongei.

Jumatatu, 19 Mei

Simu kutoka Elburgon. Mama Wairimu. Mzee Mwangi wake amefariki, mwenye ile mashine ya mbao. Mteja wetu wa kwanza, yule wa nembo ya msumeno. Mazishi Ijumaa. Anataka kijitabu, kurasa nane, rangi. Akasema marehemu mwenyewe aliwahi kumwambia, mambo yangu ya kuchapisha yanafanywa na Wekesa wa Nakuru, ndiye Baba Nanjala.

Nilikuwa namjibu kwamba nitafanya mimi. Baba Nanjala akainua mkono kutoka kwenye kiti chake. "Mimi," akasema.

Nikasema tutaona. "Mimi," akasema tena. Ndilo neno la kwanza amesema dukani tangu Twelve ife. Ningemkatalia na nini?

Jumatano, 21 Mei

Amekitengeneza. Nimeshangaa na bado nimeshangaa. Nilimfungulia ndani ya ile mpya faili la zamani kutoka kwenye flashi, kijitabu cha mazishi ya Mama Tabitha fulani alichokitengeneza zamani sana, kwa sababu mpangilio wake anaujua. Nikamwekea vifaa vitatu tu wazi, vingine nikavificha. Mshale, maandishi, boksi. Hivyo vitatu aliviweza. Jana siku nzima, leo siku nzima.

Alifanya alivyofanya miaka yote. Yeye hafuti. Anaziba. Anaweka boksi jeupe juu ya maneno ya zamani, na juu ya boksi anaandika mapya. Mafundi wa rika lake wote walifanya hivyo. Ukifuta kwenye kompyuta za wakati ule mpangilio mzima ulikuwa unakimbia, ukiziba unakaa. Nami naziba. Ni yeye alinifundisha.

Nembo ya msumeno ikakaa ukurasa wa nyuma. Nikatazama kwenye skrini ukurasa kwa ukurasa, safi kabisa. Baba Nanjala akacheka. Kacheko ka upande mmoja, lakini kacheko. Nilitaka kumpigia kila mtu.

Tumechelewa kidogo. Nimetuma kwa wachapaji saa kumi. Watachapa, watafunga kwenye katoni na kuziweka moja kwa moja kwenye gari la Elburgon kesho. Sisi tutaenda Ijumaa kuzika.

Ijumaa, 23 Mei

Sijui niandike vipi.

Tulifika vijitabu vikiwa vinagawiwa. Watu wengi, matope, hema tatu. Baba Nanjala alivaa suti. Nikampa kimoja akishike, cha kwake. Nikafungua changu kwenye salamu za watoto.

Juu ya ukurasa: KWAHERI BABA YETU MPENDWA. Na chini yake, ndani yake, katikati ya herufi zake: KWAHERI MAMA YETU TABITHA. Maneno mapya yamelala juu ya yale ya zamani. Ukurasa wa wasifu vilevile. Mzee Mwangi kazaliwa, kaolewa, kajaliwa kuwa mke mwema. Jina la mama wa watu aliyekufa zamani limeota kila mahali.

Nikasikia minong'ono ikianza upande wa wazee. Mama mmoja akakiweka chake chini kwenye nyasi na kukisukuma mbali kwa kiatu. Kubeba jina la maiti mwingine kwenye mazishi ni kumwita, wengi bado wanaamini hivyo. Mchungaji akaanza kusoma wasifu akakwama, akaendelea bila karatasi. Wavulana wakatumwa kuvikusanya.

Mama Wairimu hakutugeukia hata mara moja. Ningependa angetutukana.

Baba Nanjala hasomi upesi siku hizi. Kila mtu alishaelewa, yeye bado yuko na kidole kwenye ukurasa wa pili. Halafu na yeye akaelewa.

Jumamosi, 24 Mei

Hajala. Sijafungua duka.

Jumatatu, 26 Mei

Dereva wa gari la Elburgon ameshusha gunia mlangoni mwa duka. Vijitabu vyote. Hakuna ujumbe, na hakuhitajika ujumbe.

Nimekaa na Hardeep tukachunguza. Ile programu mpya inayachukulia maboksi meupe yanayowekwa kwenye faili la zamani kama kioo cha kuonea ndani, si kitu cha kuziba. Kwenye skrini yapo, kwenye karatasi hayapo. Ukitoa nakala moja tu kwa printa yako unaona. Sikutoa. Nilikuwa na haraka na nilikuwa na furaha, na furaha ndiyo iliyoniziba macho. Nilikuwa namtazama yeye, sikutazama kazi.

Nimemweleza Baba Nanjala kwamba ni programu. Nimemweleza kwamba ni mimi. Amesikiliza yote. Akajionyesha kifuani kwa kidole.

Jumatano, 28 Mei

Hataki kuja dukani. Asubuhi nimemshikia koti, hakuingiza mkono.

Nanjala amekuja baada ya shule. Amesema kwa sauti ya kuwasemesha wazazi wa wanafunzi kwamba Dad apumzike, kwamba watu wanastaafu, kwamba si aibu. Nimemwambia mtu wa kustaafu anaagwa kwa keki, haagwi kwa gunia. Halafu akauliza mimi nataka nini hasa.

Nataka arudi kwenye kile kiti. Nimemwambia hivyo hivyo. Akiishia hapa, na hilo gunia ndiyo kazi yake ya mwisho, atakufa nalo. Huyu namjua mimi, hanijulishi mtu.

Ijumaa, 30 Mei

Hardeep amepata. Alikuja mbio mpaka kilemba kimelegea. Zamani aliwauzia kompyuta watu wa banda la kupakia mboga huko Ndabibi, na mpaka leo wanachapishia lebo za katoni. Amewapigia. Kumbe wanatumia Twelve, iko ndani, ilishapewa ruhusa enzi zile, inafanya kazi. Lakini hawauzi. Wakiitoa watachapishia nini?

Nimewaza tangu aondoke. Wanahitaji kompyuta na programu ya kuchorea. Mimi ninayo moja mpya kabisa.

Jumamosi, 31 Mei

Nimefanya. Nisiulizwe.

Nimeenda Ndabibi na kompyuta ya Nanjala kwenye boksi lake. Meneja alidhani namtania. Alizunguka lile boksi akitafuta ubaya. "Mathe, una uhakika?" Nikamwambia asinichoshe. Akaniletea ile yake, imejaa vumbi na alama za vidole vya gundi. Nikamwambia aiwashe kwanza.

Ikawaka. Ikafungua ile picha yake ya kukaribisha, ile ile, inayokaa kidogo kabla ya kuondoka. Nilisimama katikati ya makatoni ya brokoli nikalia mbele ya wasichana wa kupakia. Mmoja akanipa kitambaa chake cha kichwa nijifute.

Jumapili, 1 Juni

Nanjala amejua. Aliuliza kompyuta iko wapi, nikamwambia. Hakupaza sauti. Amesema nimechukua jasho lake nikalipeleka kwa watu wa mboga ili nicheze na vitu vya zamani. Amesema mimi ndiye nisiyetaka kuachilia, si Dad.

Nimemwambia atoke. Ametoka. Chakula alichokuwa amepika kimebaki kwenye moto na kimeungua.

Jumanne, 3 Juni

Nilimdanganya kwamba twende tu kuchukua funguo. Akaingia dukani, akaiona imewaka, Twelve iko wazi, ukurasa mweupe. Akasimama pale mlangoni. Nikajifanya napanga bahasha.

Akakaa. Mkono ukaenda wenyewe. F4.

Halafu akageuka akaniambia, "Mwangi."

Nikadhani amesahau kwamba Mzee Mwangi ameshazikwa. Nikaanza kumweleza. Akatikisa kichwa, amechukizwa na mimi, akaelekeza kidole kwenye gunia. "Mwangi," akasema. "Tena."

Ijumaa, 6 Juni

Anakitengeneza upya. Si kwa faili la mtu. Ameanza na ukurasa mtupu. Haweki boksi lolote. Akikosea anafuta, herufi kwa herufi, na mpangilio ukikimbia anaurudisha. Kazi ya alasiri moja sasa ni kazi ya wiki.

Sina kompyuta ya pili, ile ya Hardeep nilishamrudishia. Wateja wakija nawaambia wajaribu kwingine. Leo nimewatuma watatu kwa mtu ninayemjua kwamba anaharibu rangi. Sijali. Nachemsha chai, naketi kando yake. Mkono ukikwama anasukuma kipanya upande wangu, nafanya kidogo, namrudishia. Amekonda. Anachoka upesi kuliko mwezi uliopita na analala saa saba akiwa amekaa.

Lakini nimefurahi. Wacha niseme ukweli, wiki hii nimefurahi kuliko mwaka mzima.

Jumanne, 10 Juni

Leo msumeno. Nembo ya zamani iko kwenye flashi, ingekuwa kuinakili tu. Hakutaka. Ameichora upya, jino kwa jino. Meno mawili yametoka yamelala vibaya. Nikataka kuyanyoosha, akanipiga mkono kidogo. Akayanyoosha mwenyewe. Imechukua siku yote.

Nanjala hajapiga simu. Sijapiga mimi pia. Kichwa kigumu huyu mtoto amekitoa mahali.

Alhamisi, 12 Juni

Kimekamilika. Safari hii nimetoa nakala kwa printa yetu na tumesoma tulivyokuwa tunasoma zamani, mmoja kwa sauti, mwingine anafuata kwa kidole. Mimi sauti, yeye kidole. Jina, wasifu, watoto, wajukuu, nyimbo, shukrani. Kidole kilisimama mara moja, kwenye jina la mjukuu. Nilikuwa nimelipita. Lilikuwa limekosa herufi.

Amerekebisha. Tumesoma tena kutoka mwanzo.

Nimekaa kwa wachapaji mpaka vikatoka vyote, nikifungua kimoja kimoja. Kijana wa mashine alinichoka. Sikumsikiliza.

Jumamosi, 14 Juni

Elburgon. Baridi ya kule ni ya msitu, inaingia kwenye magoti. Njiani nilipanga hotuba nzima ya kuomba msamaha.

Mama Wairimu alitufungulia mwenyewe. Hakutukaribisha kuketi. Nikamkabidhi katoni na hotuba yote ikanipotea. Nikasema tu, "Mama, tumekuja na cha Mzee."

Akatoa kimoja. Akasimama pale mlangoni akakisoma chote, kurasa nane, bila miwani, akikisogeza mbali na macho. Tukangoja kwenye baridi. Baba Nanjala alikuwa amenishika mkono.

Alipofika mwisho akasema, "Watu walishaenda makwao. Hivi nitampa nani?" Akakitazama tena, upande wa nyuma, kwenye msumeno. Akakipitisha kidole juu ya meno. "Huu ameuchora nani?"

"Mimi," akasema Baba Nanjala.

Akamtazama. Nadhani ndipo alipouona ule mdomo ulioenda upande na ule mkono wa kushoto uliolegea. Kumbe hakuwa anajua. Mwaka mzima hajaonana naye, na siku ya mazishi hakututazama. "Wekesa," akasema, "ulikuwa mgonjwa na hukuniambia?"

Tukaingia. Chai, viazi. Hakusema ametusamehe na hatukuuliza. Alisema kutakuwa na ibada ya ukumbusho kabla ya mwaka kuisha, na watavigawa siku hiyo, na tuje. Kimoja akakiweka kwenye kabati la vioo mbele ya picha ya Mzee.

Njiani kurudi Baba Nanjala alilala begani kwangu mpaka Nakuru.

Jumatatu, 16 Juni

Nimemshikia koti. Akalichukua mkononi mwangu, akalitundika tena kwenye msumari.

Nikasema, leo kuna kazi ya kanisa, kitu kidogo, utaifanya pole pole.

"Nimemaliza," akasema.

Nikasema najua, ya Mwangi tumemaliza, hii ni nyingine. Akatafuta neno. Alilitafuta muda mrefu na nikamwacha alitafute. "Kazi," akasema. "Nimemaliza kazi, Mama Nanjala."

Nilimkasirikia. Nimempa maneno mabaya. Nimemwambia nimetoa kompyuta ya mtoto, nimefukuza wateja, nimegombana na binti yangu wa pekee, nimelia mbele ya watu wa brokoli, ili yeye arudi kwenye kile kiti, halafu ananiambia amemaliza. Akanisikiliza yote. Akanipapasa shavu kwa ule mkono wa kulia, akaenda kulala.

Nimeenda dukani peke yangu. Nimefungua Twelve. Nimechora duara, nimevuta nodi, nimengoja kusikia "hapo, acha." Nanjala alisema kweli. Baba yake alitaka kumaliza. Mimi ndiye nilitaka tuanze tena, nipewe nusu ya kiti, nisimame nyuma yake na viatu vya kuazima. Nilidhani nampigania yeye.

Nimelia, nimenawa uso, nimefanya kazi ya kanisa.

Jumatano, 18 Juni

Nimempigia Nanjala. Nilisema samahani kabla hajasema halo. Atakuja Jumamosi. Hardeep amenitafutia kompyuta nyingine, si mpya, nitamlipa kidogo kidogo, na Nanjala ataingiza ile programu na kunifundisha. Nimemwambia nina kichwa kizito. Amesema anao arobaini wa namna hiyo darasani.

Ile ya Ndabibi nimeizima na kuifunika. Sijaamua.

Nimefunga duka mapema. Jua la jioni lilikuwa limetoka kidogo baada ya mvua, na Baba Nanjala alikuwa amekaa barazani na sinia la maharagwe mapajani, anayabambua kwa mkono wa kulia, taratibu. Anaonekana mdogo ndani ya sweta lake. Anaonekana ametulia pia, na hilo lazima niliandike, hata kama linaniuma.

Aliuliza leo ni lini. Nikamwambia Jumatano. Akauliza duka. Nikamwambia nimefunga, niko nyumbani.

Akasogea. Benchi ni fupi, lakini akasogea, nikakaa. Tumebambua maharagwe mpaka jua likaisha.